Sauti ya Mgonjwa Nayo Ichorwe

Katika chumba cha kipimo cha moyo taa hupunguzwa, mgonjwa hulazwa kwa ubavu wa kushoto, na mpimaji hutelezesha kifuani pake kifaa kidogo kilichopakwa jeli ya baridi. Kifaa hicho hutoa sauti. Mgonjwa haisikii, wala mpimaji haisikii, kwa kuwa sikio la binadamu hukomea kwenye mitetemo ipatayo 20,000 kwa sekunde, ilhali sauti ya kipimo hiki hutetema mara milioni kadhaa katika sekunde hiyo hiyo. Huingia mwilini, ikagonga kuta na vali za moyo, ikarudi. Na mashine huugeuza mwangwi huo kuwa picha inayokwenda. Jina lenyewe la kipimo, eko, maana yake ni mwangwi. Njia hii ya kuutazama moyo ilianzia mjini Lund, Sweden, mwaka 1953, kwa kazi ya tabibu Inge Edler na mwanafizikia Carl Hellmuth Hertz. Leo, katika eneo la Muhimbili pale Upanga, ilipo Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete, ni kazi ya kila siku.

Wapo watu wengine wanaofanya kazi inayofanana na hiyo, nao hawavai koti jeupe. Hao ni wasanii wanaochukua sauti dhahania, yaani sauti isiyo wimbo wala maneno, kama vile mvumo, mkwaruzo, mlio wa chuma au pumzi, wakaitafsiri kuwa uhuishaji wa majaribio: mistari, madoa, rangi na maumbo yanayokwenda bila kusimulia hadithi ya mtu wala mnyama. Wahudumu wengi wa afya wakisikia habari za sanaa ya namna hiyo huiona kuwa anasa ya mbali. Makala haya yanashikilia kinyume chake. Hospitali imekuwa ikitafsiri sauti kuwa picha kwa miaka mingi, lakini imeitafsiri kwa ajili ya daktari. Tafsiri kwa ajili ya mgonjwa bado inadaiwa, na wa kuilipa deni hilo ni mgonjwa mwenyewe, mhudumu wa afya na msanii wakiketi pamoja.

Nyekundu na buluu

Ubaya wa tafsiri iliyotengenezwa kwa ajili ya mtu mmoja na kutazamwa na mwingine unaonekana katika kipimo hicho hicho cha eko. Mpimaji anapotaka kujua damu inaelekea wapi, hubonyeza kitufe, na juu ya picha ya kijivu huzuka rangi nyekundu na buluu zinazowaka na kuzimika kwa kila pigo la moyo. Mgonjwa aliyepita shule anaukumbuka mchoro wa moyo katika kitabu cha sayansi: upande mwekundu ni damu yenye oksijeni, upande wa buluu ni damu iliyokwisha kutumika. Akiiona buluu ikimwagika kwenye skrini, ana kila sababu ya kushtuka. Kumbe rangi hizo hazisemi lolote kuhusu usafi wa damu. Kwa kawaida nyekundu ni damu inayokijia kifaa, na buluu ni damu inayokipa kisogo. Pale rangi zinapochanganyika na kutawanyika kama mosaiki, mara nyingi huwa ni ishara ya mwendo wa kasi au wa fujo, kama vile damu inapopenya kwenye vali iliyobana au inapovuja kurudi ilikotoka.

Huo ni uhuishaji dhahania usiopungukiwa na kitu: sauti imegeuka rangi, rangi zinacheza kwa mapigo, na hapana sura ya mtu ndani yake. Anayeujua ufunguo wake huusoma kama kitabu; asiyeujua hubaki na hofu. Mpimaji ana foleni mlangoni, kwa hiyo maelezo huahirishwa hadi kwa daktari, na daktari huja kueleza kwa maneno kile ambacho mgonjwa alikwisha kukitazama kwa macho na kukipa maana yake mwenyewe. Katika pengo hilo ndimo uvumi wa mtaani unamopenya.

Madhara yake si madogo. Mama aliyeambiwa kwamba vali ya moyo wa mwanawe imeharibiwa na homa ya baridi yabisi huambiwa pia kwamba sindano ya penisilini iendelee kila baada ya wiki tatu au nne, kwa miaka mingi. Mtoto anacheza, anakula, anakwenda shule. Kwa nini achomwe? Kama mama hakuielewa ile picha, sindano inabaki kuwa amri, na amri huchosha. Siku nauli itakapokosekana, sindano ndiyo itakayoachwa kwanza. Lakini mama aliyeona vali ikifunga sawasawa, kisha akaona ile ya mwanawe ikiacha mwanya na damu ikirudi nyuma kwa kila pigo, huku akiusikia mvumo wake ukienda pamoja na picha, ana kitu cha kujishikia siku hiyo.

Watu wa tiba na watu wa sanaa walivyopishana njiani

Historia ya kuipa sauti umbo ni ndefu, na kwa muda mrefu wataalamu wa mwili na wasanii wamekuwa wakiazimana vyombo. Mwaka 1787 Ernst Chladni, mwanasayansi wa Ujerumani, alichapisha majaribio yake ya kunyunyiza mchanga juu ya bamba na kulisugua ukingoni kwa upinde wa fidla. Bamba lilipolia, mchanga ulijipanga wenyewe kuwa nyota na misalaba. Jaribio la jamaa yake linaweza kufanywa kwa punje za mchele juu ya ngoma: mpigaji akipiga, punje hurukaruka na kuonyesha mahali ngozi inapotetema zaidi. Mwaka 1816 huko Paris, René Laennec alikunja karatasi kuwa bomba, akaliweka kifuani mwa mgonjwa, na tangu hapo tabibu akawa msikilizaji wa mkwaruzo, mluzi na mvumo. Laennec alikuwa pia mpiga filimbi, na haishangazi kwamba sikio lake lilitofautisha sauti ambazo wengine walizipita.

Mwaka 1857, katika mji huo huo wa Paris, Édouard-Léon Scott de Martinville, aliyepata wazo lake kwa kutazama michoro ya sikio la binadamu, alisajili chombo chenye kiwambo na unyoya ulioandika sauti kwenye karatasi iliyopakwa masizi. Mistari hiyo ilikuwa ya kutazamwa tu. Ilisubiri hadi mwaka 2008 watafiti walipoigeuza kuwa sauti ya kusikika. Mwaka 1874 Alexander Graham Bell na daktari wa masikio Clarence Blake walikwenda mbali zaidi: walitumia sikio halisi la maiti, wakalifungia kijiti chepesi cha bua, na sauti ikajiandika yenyewe kwenye kioo chenye masizi. Bell alitaka chombo hicho kiwasaidie viziwi kujifunza kutamka. Nia hiyo inasifiwa na wengine na kulaumiwa na wengi katika jamii ya viziwi, kwa kuwa Bell aliitukuza sauti ya mdomo akaidharau lugha ya alama. Somo lake linafaa kukumbukwa: picha ya sauti inaweza kumfungulia mtu mlango, na inaweza pia kugeuzwa kuwa fimbo ya kumlazimisha afanane na wengine.

Wasanii nao hawakukaa kimya. Mwaka 1932 Oskar Fischinger alichora nakshi za mapambo kwenye karatasi, kisha akazipiga picha kwenye ule ukanda mwembamba wa filamu unaobeba sauti, ili projekta izitamke nakshi hizo na watu wasikie mchoro unaliaje. Mary Ellen Bute wa Marekani, katika filamu yake Abstronic ya mwaka 1952, aliufanya muziki ujichore kwenye kioo cha osiloskopu. Osiloskopu ni ndugu wa ile skrini iliyo kando ya kitanda cha mgonjwa mahututi, inayopandisha na kushusha mstari wa moyo. Chombo ni kimoja. Kimoja kiliwekwa ukumbini, kingine wodini.

Katika sanaa ya sauti yenyewe, Afrika ilikuwapo tangu mwanzo. Mwaka 1944 jijini Kairo, Halim El-Dabh aliazima mashine ya kurekodi kwa waya kutoka kituo cha redio, akarekodi sherehe ya wanawake ya zari, ambayo ni ngoma ya kumponya mtu aliyepandwa na pepo. Kisha aliichakata sauti hiyo kwa mwangwi na kuiondolea tabaka hadi ukabaki mvumo mtupu. Kazi hiyo inatajwa miongoni mwa za kwanza kabisa duniani za muziki wa kurekodiwa na kuchakatwa, miaka minne kabla ya Pierre Schaeffer wa Ufaransa kutumia milio ya garimoshi kwa namna hiyo. Msomaji wa Pwani anayezijua ngoma za kupunga pepo atatambua jambo moja: sanaa ya sauti dhahania katika bara hili ilichotwa katika chumba cha tiba. Leo Joseph Kamaru wa Kenya, ajulikanaye kama KMRU, anaendeleza kazi ya kurekodi mazingira na kuyageuza kuwa muziki wa utulivu, na albamu yake ya mwaka 2020, Peel, imesikilizwa mbali na Nairobi.

Mfano unaogusa moja kwa moja kazi ya afya ni ule wa Norman McLaren wa Kanada. Mwaka 1949 yeye na Evelyn Lambart walikamilisha filamu ya Begone Dull Care, ambamo rangi zilipakwa na kukwaruzwa juu ya ukanda wa filamu kufuatia piano ya Oscar Peterson. Hapana hadithi ndani yake. Ni sauti iliyotafsiriwa kuwa rangi. Mwaka huo huo UNESCO ilimpeleka McLaren China, katika eneo la Beibei karibu na Chongqing, akawafundishe wachoraji wa huko kutengeneza kwa vifaa duni mabango, picha za mfululizo na katuni za elimu ya afya ya kijiji. Mtu mmoja alishika kazi zote mbili katika mwaka mmoja. UNESCO haikuona ajabu kumkabidhi mchoraji wa rangi zisizo na hadithi kazi ya kueleza afya kwa wanakijiji. Aliyezoea kutafuta mwendo, uzito na mapigo ya kitu anajua kukieleza kwa mtu asiyesoma.

Kiswahili kilikwisha kutangulia

Huenda mtu akasema kuwa mgonjwa wa Kariakoo au wa Mbagala hana haja na maumbo dhahania. Aonyeshwe mtu, kikombe na kidonge, yatosha. Hoja hiyo inaisahau lugha anayoisema mgonjwa huyo. Kiswahili kina hazina ya tanakali, maneno yanayobeba sauti na picha kwa pamoja. Kitu huanguka mchangani tifu, majini chubwi, sakafuni pu. Tanakali haziishii kwenye sauti ya kusikika. Nguo huwa nyeupe pe, usiku huwa mweusi ti, jicho huwa jekundu ndu. Rangi nyeupe haitoi mlio wowote, lakini Mswahili ameipa mlio, na anayesikia huuona weupe wenyewe. Giza huwa totoro, mtu hutulia tuli, na harufu mbaya hunuka fee. Kuhamisha hisia kutoka sikioni hadi machoni ni jambo ambalo mtoto wa uswahilini analijua kabla hajajua kusoma.

Mgonjwa anapoingia kwa daktari huja na lugha hiyo. Husema kichwa kinamgonga, masikio yanavuma, kifua kinakoroma, moyo unamdunda, tumbo linanguruma, mbavu zina kichomi. Kisha maneno hayo huandikwa kwenye faili kwa Kiingereza kifupi, na umbo lake hupotea. "Kugonga" kuna mwendo, kuna nafasi kati ya pigo na pigo. "Kuvuma" hakuna nafasi. Tofauti hiyo ina uzito katika utambuzi wa ugonjwa, na mgonjwa alikuwa ameshaitoa.

Wanaoumia zaidi kwa upotevu huo ni wale ambao sauti yao haiwezi kusikiwa na mwingine yeyote. Mtu mwenye mvumo wa masikio, ambao kitabibu huitwa tinitasi, husikia mluzi, mvuke au nyenje usiku kucha, na mara nyingi hakuna chombo kinachoweza kuunasa mlio huo. Aliyelala pembeni yake hasikii kitu. Baadhi huogopa kusema wasije wakaambiwa wamechanganyikiwa. Mtu wa namna hii akipewa karatasi, kalamu za rangi na mchoraji mvumilivu, akachora mlio wake unavyoanza, unavyopanda na unavyokataa kuisha, kisha mchoro ukapewa mwendo, kwa mara ya kwanza mke, mume au daktari anaweza kukaa naye mbele ya kitu kimoja na kukitazama pamoja. Mchoro huo hautamponya. Lakini utamwondolea upweke, na upweke ni sehemu kubwa ya mateso ya ugonjwa huo.

Pumzi 50 kwa dakika

Ipo faida nyingine inayopimika. Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa kutambua nimonia kwa watoto wenye kikohozi au shida ya kupumua unategemea hesabu ya pumzi, mtoto akiwa ametulia: pumzi 50 au zaidi kwa dakika kwa mtoto wa miezi 2 hadi 11, na pumzi 40 au zaidi kwa mtoto wa mwaka 1 hadi kabla ya kutimiza miaka 5. Kwa kichanga aliye chini ya miezi 2 kiwango ni 60. Mhudumu wa afya amezoea namba hizi. Mzazi nyumbani huambiwa tu kwamba mtoto "akipumua haraka" aletwe kituoni, na neno "haraka" halina kipimo.

Namba hizo ni mwendo wa muziki. Jijini Dar es Salaam vijana wamekua na singeli, muziki unaopita mapigo 200 kwa dakika, nao hutambua papo hapo, bila kuhesabu, kwamba mdundo umeongezwa kasi. Sikio na jicho la watu hawa limefundishwa tayari. Uhuishaji wa dakika mbili, wenye duara moja linalovimba na kusinyaa kwa mwendo wa pumzi 30 kwa dakika, kisha 50, kisha 60, likisindikizwa na sauti halisi ya pumzi, unaweza kumpa mama kipimo ambacho atakibeba kichwani hadi nyumbani. Duara linaweza kubonyea upande wa chini, kama kifua kinavyobonyea chini ya mbavu mtoto anapohangaika kupata hewa, dalili inayotaka mtoto awahishwe hospitali bila kungoja hesabu. Vivyo hivyo kwa kubonyeza kifua cha mtu ambaye moyo umesimama: mwendo wake ni mara 100 hadi 120 kwa dakika, na mwendo hufundishika vizuri zaidi kwa kuonwa na kusikiwa kuliko kwa kusomwa.

Uhuishaji wa namna hiyo una faida ya pekee kwa viziwi. Shirika la Afya Duniani linakadiria kuwa watu wapatao milioni 430 duniani wana upungufu wa usikivu unaohitaji huduma, na kwamba ifikapo mwaka 2050 watazidi milioni 700. Mama kiziwi hasikii kifua cha mwanawe kikipiga mluzi wa pumu. Akionyeshwa umbo la mluzi huo, namna pumzi ya kutoka inavyorefuka na kukwaruza njiani, atajua atazame nini. Maelezo yake yatolewe kwa Lugha ya Alama ya Tanzania, na viziwi wenyewe wawe miongoni mwa watengenezaji, ili kosa la Bell lisirudiwe.

Muhimbili yenyewe ilianza mwaka 2017 kupandikiza vifaa vya usikivu kwa watoto waliozaliwa hawasikii. Wazazi wengi hutarajia kwamba siku kifaa kitakapowashwa mtoto atasikia jina lake. Kinachomfikia mtoto mwanzoni ni sauti dhahania kwa maana kamili ya neno hilo: milio na mikwaruzo isiyo na maana, ambayo ubongo utajifunza kuipanga kwa miezi na miaka ya mazoezi. Mzazi asipolijua hilo hukata tamaa mapema na kulegea katika mazoezi. Hakuna somo la afya linaloitaka sanaa hii kwa uwazi zaidi ya hilo. Anayehitajika ni msanii wa kuonyesha madoa yaliyotawanyika yakikusanyika polepole, wiki baada ya wiki, hadi yawe umbo la neno "mama".

Upanga ina kila kitu kinachohitajika

Mradi wa namna hii hauhitaji kuagizwa kutoka nje. Chuo Kikuu cha Afya na Sayansi Shirikishi Muhimbili kina walimu wa moyo, mapafu, masikio na uuguzi. Katika Upanga hiyo hiyo zipo kumbi za Goethe-Institut na Alliance Française, ambazo kwa miaka zimepokea wasanii wa filamu na wa sauti. Mikocheni kuna Nafasi Art Space yenye karakana za wachoraji. Ufundi wa katuni nao upo jijini: Ubongo Kids, kipindi kinachofundisha watoto hesabu na sayansi, kinatengenezwa Dar es Salaam na kilianza kurushwa mwaka 2014.

Upo pia mfano wa kihistoria ambao Muhimbili ina haki ya kujivunia. Edward Saidi Tingatinga, mwanzilishi wa uchoraji unaobeba jina lake, aliwahi kuwa mhudumu wa wagonjwa Muhimbili huku akichora katika saa zake za mapumziko. Alifariki mwaka 1972. Mwaka 2010 mtindo wake ulipewa mwendo katika katuni za Tinga Tinga Tales, zilizotengenezwa Nairobi na kuonyeshwa na BBC, zikiwa na muziki wa Eric Wainaina. Mikono iliyowageuza wagonjwa kitandani ndiyo iliyochora wanyama ambao baadaye walikuja kutembea kwenye televisheni za dunia. Anayesema kwamba wodi na sanaa ni walimwengu wawili hajaisoma historia ya hospitali hiyo.

Kazi ya kuanzia inaweza kuwa ndogo: sauti sita, nazo ni moyo mzima, moyo wenye vali inayovuja, pumzi ya kawaida, pumzi ya nimonia, mluzi wa pumu na mvumo wa masikio. Kwa kila sauti wakae mhudumu wa afya mmoja, msanii mmoja na wagonjwa au wazazi watatu au wanne, watengeneze uhuishaji wa dakika mbili, uonyeshwe kwenye televisheni za kumbi za kusubiria. Kisha watazamaji waulizwe wameona nini. Majibu yao ndiyo yatakayoamua kama picha ibaki, irekebishwe au itupwe.

Masharti yasiyovunjwa

Sharti la kwanza ni ufunguo. Kila rangi na kila umbo lielezwe mwanzoni, kwa Kiswahili chepesi na kwa alama, ili lisizaliwe tatizo jingine la nyekundu na buluu. Uhuru wa msanii ni mkubwa, lakini picha ya pumzi 50 iwe ya pumzi 50. Ikiwa 42 kwa sababu inapendeza zaidi, ni uongo unaoweza kumpotosha mzazi.

Sharti la pili ni usalama wa mtazamaji. Tarehe 16 Desemba 1997 nchini Japani, kipindi cha katuni za Pokémon kilionyesha mwanga mwekundu na wa buluu ukipishana kwa kasi, na watu zaidi ya 600, wengi wao watoto, wakapelekwa hospitali, baadhi wakiwa na degedege. Sehemu ndogo ya watu wenye kifafa huchochewa na mwanga wa kumetameta, na wengine hawajijui hadi siku hiyo. Uhuishaji wa majaribio unapenda mno mimweko. Kanuni inayokubalika ni kutozidisha mimweko mitatu kwa sekunde moja, na hospitali isiwe mahali pa kuivunja.

Sharti la tatu ni ridhaa. Mvumo wa moyo wa mtu ni mali ya mwenye moyo, sawa na picha ya uso wake. Usirekodiwe kwa siri, usionyeshwe bila idhini yake, na anayebadili mawazo sauti yake iondolewe.

Itabaki hoja ya fedha. Wapo watakaouliza: wodi zina upungufu wa wauguzi na dawa, nani atalipia madoa yanayocheza? Swali ni la haki. Hakuna anayependekeza kununua kompyuta ya mchoraji kwa fedha za dawa. Lakini penisilini iliyonunuliwa kwa fedha hizo haina faida kwa mtoto ambaye mama yake ameacha kumleta, na kifaa cha usikivu cha mamilioni hakina faida kwa mtoto ambaye wazazi wake wamekata tamaa katika mwezi wa tatu. Sauti zenyewe hazigharimu kitu. Zipo kila asubuhi vyumbani. Wasanii wapo umbali wa kutembea. Vyuo vya afya hufundisha wanafunzi wao kuusikiliza mwili, na ni haki kabisa kuwataka wafundishe pia namna ya kumrudishia mgonjwa kile walichokisikia.

Mwanafunzi wa udaktari anayejifunza kutofautisha mvumo wa vali moja na wa nyingine huambiwa asikilize, kisha achore alichosikia: kama almasi, kama mteremko, kama ukanda ulionyooka. Michoro hiyo imo vitabuni mwake, nayo ni tafsiri ya sauti kuwa umbo. Hatua inayofuata ni mwanafunzi huyo kuugeuza mchoro wake umwelekee mgonjwa, amwombe naye achore wake, kisha wamwite mchoraji wa katuni aliye jirani.